Wimbo wa filamu ukipigwa remiksi na kutolewa singo, nani aulizwe?

Mchokozi wa Mafiati
Wadau wa Nyanda za Juu Kusini, kamwene, na wa Rungwe mugonile. Hapa kijiweni kwetu Mafiati watu wanataka kushikana mashati. Kuna wimbo wa taratibu uliokuwa kwenye filamu moja ya Kibongo, unaingia pale jeneza linapoteremshwa kaburini. Sasa umepigwa remiksi: kinanda kimetolewa, spidi imepandishwa, umewekewa mdundo wa singeli, umetoka kama singo. Kuanzia Uyole mpaka Mbalizi, bajaji unayopanda unaukuta. Ule wa kwenye filamu umeshasahaulika.

Msimamo wangu ni huu: remiksi ziwepo, ila isitoke hata moja mpaka mwenye sauti aulizwe na alipwe upya. Kumalizana na prodyuza wa filamu peke yake hakutoshi. Yule dada aliimba msiba, hakuimba watu wakate mauno. Anayepinga aje na hoja, matusi ayaache kwao.

Dijei wa Mlandege
Mkuu, napinga mchana kweupe. Wimbo ukibaki ndani ya filamu, unazikwa nayo. Chukua Elvis Presley. Mwaka 1968 aliimba A Little Less Conversation kwenye filamu ya Live a Little, Love a Little. Singo ikatoka, Marekani ikaishia nafasi ya 69, habari yake ikaisha. Mwaka 2002 Mholanzi anayejiita Junkie XL akaipiga remiksi, Nike wakaitia kwenye tangazo la Kombe la Dunia la Korea na Japani, lile la mastaa kufungiwa kwenye kizimba halafu mwanasoka Cantona ndiye refa. Wimbo ukashika namba moja Uingereza. Ilikuwa namba moja ya 18 ya Presley kule, akawapita The Beatles wenye 17. Na mwenyewe yuko kaburini tangu 1977! Mwenye sauti mngemuuliza kwa mganga gani?

Mama Parachichi, Njombe
Mwanangu Dijei, kupendwa na wengi si kibali. Hata wanaoingia shambani kwangu usiku wanasema parachichi zangu ni tamu.

Mnyalukolo Mbishi
Dijei kaleta mfano mtamu, ila kaukata katikati. Nimalizie.

Kwanza, waliulizwa. Marehemu hayupo, lakini kazi zake zina wasimamizi, nao walitoa ruhusa kwa masharti. Hilo neno Junkie, yaani teja, hawakutaka likae karibu na jina la Presley, kwa hiyo singo ikatoka kwa jina la JXL. Mtu aliyeshakaa kaburini miaka 25 alikuwa na watu wa kumsemea mpaka kwenye jina la msanii mwenzake! Dada yetu yuko hai, ana simu, na hakuna aliyempigia.

Pili, na hapa wengi hawajui: sauti iliyomo kwenye ile remiksi si ya kwenye filamu. Juni 1968 Presley aliurudia wimbo huo kwa ajili ya kipindi chake maalumu cha televisheni, akauimba kwa moto zaidi, kisha haukuwekwa kwenye kipindi. Hiyo ndiyo iliyochukuliwa. Mwenyewe alishauchangamsha akiwa hai, Mholanzi akaongezea ngoma na besi. Hiyo ni tofauti kubwa na kuchukua kilio cha makaburini ukakikimbiza.

Karani wa Sokomatola
Niongeze upande wa sheria, maana tunapiga kelele kana kwamba haipo. Tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Na. 7 ya 1999; hakishiriki ni haki za wanaoifikisha kazi kwa watu, kama waimbaji. Mtunzi ana haki ya kutajwa na ya kupinga kazi yake kupotoshwa, na haki zake za kiuchumi zinalindwa maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Kuibadili kazi yake bila ruhusa ni kosa.

Shida iko kwa mwimbaji ambaye hakutunga. Duniani kote huyu aliachwa nyuma siku nyingi. Mkataba wa Roma wa 1961, ule wa kimataifa wa kulinda wasanii wanaoimba na kuigiza, kifungu cha 19, unasema msanii akisharidhia onyesho lake liingizwe kwenye filamu, ulinzi aliopewa na kifungu cha 7, wa kuzuia lisirekodiwe wala kurushwa bila ridhaa yake, unakoma hapo. Ndiyo maana maprodyuza wa filamu wana kiburi. Mkataba wa Beijing wa 2012, ulioanza kufanya kazi Aprili 2020, ndio uliokuja kumpa msanii wa kwenye filamu haki ya kutajwa jina na kupinga kuharibiwa kwa namna inayomvunjia heshima. Mchokozi, unachodai si ndoto za kijiweni.

Dijei wa Mlandege
Sawa Karani, shikamoo. Lakini mimi prodyuza ananiletea flashi yenye sauti tupu, ananiambia piga kazi. Nianze kumsaka mwimbaji Kihesa nzima?

Sauti ya Tukuyu
Wimbo huo si wangu, ila nimeimbia filamu. Unaitwa studio, unaimba, unapewa bahasha, unasaini kwenye daftari la matumizi. Mkataba sijawahi kuuona. Wangu nao ulipigwa remiksi. Mimi ni mwanakwaya. Jumapili moja nikaitwa pembeni, nikaulizwa sauti yangu inafanya nini baa.

Kaka Mchokozi, nakushukuru kwa kunitetea, ila hapo kwenye “alipwe upya” umepunguza. Hata wangeniletea milioni ningekataa. Nataka niwe na uwezo wa kukataa.

Mchokozi wa Mafiati
Dada umenibana. Basi nasogea: kuulizwa bila haki ya kukataa ni salamu tu.

Dijei wa Mlandege
Hapana jamani! Mtu mmoja azuie wimbo uliotungwa na mwingine, ukapigwa na wengine, ukagharamiwa na wengine? Mtunzi naye ana njaa.

Mnyalukolo Mbishi
Leo umesema la maana. Mtunzi akitaka singeli, apate singeli yake: sauti ya dada ibaki kwenye filamu, wimbo urudiwe na mwimbaji mwingine. Presley alirudia wake mwenyewe mwaka uleule, nani alikufa? Gharama ni siku moja ya studio.

Dijei wa Mlandege
Na huyo mwingine akikubali, mtaniacha nipumue?

Sauti ya Tukuyu
Tutakuacha, kaka. Ila umwambie ni singeli kabla hajafungua mdomo, na safari hii asisaini kwenye daftari.