Ushauri: Adui wa katuni yetu aonekane vipi ndani ya mchezo wa video?

Kalamu Nyeusi (mleta mada)

Wanajukwaa, salaam. Mimi ni mwandishi wa hadithi katika kikundi kidogo cha wachoraji wa katuni, na sasa tumeanza kuigeuza katuni yetu kuwa mchezo wa video wa kukimbia na kuruka. Adui wetu ni Kunguru, mwizi wa sauti, ambaye huiba mlio wa jogoo, kelele za vyura na hata kicheko cha mtoto, kisha huzifungia sauti hizo katika chupa na kuondoka akijisifu. Hana nguvu za mwili. Ni mwoga, ni msemaji kupita kiasi, hupenda kuwatuma wengine kazi za hatari, na kila sehemu ya katuni humalizika yeye akitoroka huku akiapa kwamba atarudi. Watazamaji humpenda kuliko wanavyompenda Kindi, ambaye ndiye shujaa.

Tumegawanyika kuhusu namna ya kumwingiza mchezoni. Wengine wanataka aonekane mwanzoni akiiba, mchezaji apite hatua zote akipambana na vibaraka wake, kisha amkute mwishoni amekuwa jitu linaloujaza uwanja mzima. Wengine, nikiwamo mimi, tunaona kwamba huyo hatakuwa Kunguru tena. Mwandishi wetu wa programu ana wazo la tatu: abuniwe adui mpya mwenye nguvu zaidi, na Kunguru awe mtumishi wake tu. Naomba ushauri wa waliocheza michezo mingi iliyotokana na katuni. Adui wa namna hii aonekane lini, ashindwe vipi, na je, inafaa kumwekea mkubwa wake? Mifano mahususi itanisaidia kuwashawishi wenzangu.

Mzee wa Konsoli

Mleta mada, anza na Popeye, baharia wa katuni. Nintendo ilipotaka kutengeneza mchezo wa Popeye haikuweza kupata haki za kuwatumia wahusika wale kwa wakati huo, hivyo msanifu wake Shigeru Miyamoto akabuni wa kwake: sokwe mahali pa Bluto, adui wa Popeye, seremala mahali pa Popeye, na mwanamke wa kuokolewa mahali pa Olive Oyl. Hivyo ndivyo Donkey Kong ilivyotoka mwaka 1981, na yule seremala ndiye tunayemfahamu leo kwa jina la Mario. Kwa maneno mengine, mmoja wa maadui maarufu kuliko wote katika michezo ya video alizaliwa kwa kujaza nafasi ya adui wa katuni.

Haki zilipatikana baadaye, na mchezo wa Popeye wenyewe ukatoka mwaka 1982. Nakusihi uutazame hata kama picha zake zimezeeka. Adui, ambaye humo anaitwa Brutus, hakuwekwa mwishoni. Yuko kwenye kioo tangu mwanzo, anazunguka, anarusha chupa, anashuka ghorofa moja kumfuata Popeye anayeokota vitu vinavyodondoshwa na Olive. Mchezaji hawezi kumkabili kwa ngumi za kawaida. Sharti ale spinachi, na hapo kwa muda mfupi mambo hugeuka, mwindaji akawa mwindwa. Baadaye Brutus hurejea kana kwamba hakuna kilichotokea. Kila aliyewahi kutazama katuni ya Popeye ataitambua hadithi nzima hapo, ingawa hakuna hata sentensi moja ya maelezo.

Hilo ndilo ningewaambia wenzako: kanuni ya kumshinda adui itoke katika hadithi yake. Mfano mwingine ni The Lion King ya mwaka 1994, iliyotengenezwa na Westwood Studios. Katika pambano la mwisho unaweza kumchapa Scar, simba adui wa hadithi, mpaka achoke kabisa, lakini usipomrusha kutoka kwenye mwamba mchezo hauishi. Ni kweli kwamba watoto wengi walikwama hapo kwa kutojua la kufanya, na mtengenezaji angeweza kuwapa ishara bora zaidi. Hata hivyo, wazo lenyewe lilikuwa sahihi, kwa sababu Scar wa katuni naye huanguka kutoka kwenye mwamba mwishoni.

Msanifu wa Pembeni

Nawaunga mkono wanaokataa jitu, lakini si kwa sababu jitu ni baya lenyewe. Jafar, adui wa Aladdin, hugeuka nyoka mkubwa katika michezo ya Aladdin ya mwaka 1993, ule wa kampuni ya Virgin na ule wa Capcom pia, na hakuna aliyeshangaa, kwa kuwa hata katika katuni yenyewe aligeuka nyoka. Kunguru wenu hajawahi kugeuka chochote.

Kama wenzako wanang'ang'ania kitu kikubwa mwishoni, mpeni mashine. Konami walifanya hivyo mwaka 1991 katika mchezo wa The Simpsons wa mashine za sarafu: bwana Burns ni kikongwe asiyeweza kuinua hata kikombe kizito, basi wakamweka ndani ya chombo cha vita, na udhaifu wake ukabaki ulivyo. Mwoga aliyejificha ndani ya chuma bado ni mwoga.

Konami hao hao walikuwa na wazo bora zaidi katika Turtles in Time, mchezo wa katuni ya kasa wapiganaji, toleo la Super Nintendo la mwaka 1992. Katika pambano mojawapo adui wao Shredder yuko ndani ya mashine yake, upande wa mbele kabisa wa kioo, akiwalenga kasa kwa silaha, na mchezaji hawezi kumfikia. Njia pekee ni kuwanyakua askari wake anaowatuma na kuwarusha kuelekea kwake. Kwa adui anayependa kutuma wengine, sidhani kama utapata mfano unaofaa zaidi ya huo.

Jicho la Tatu

Naona wachangiaji wote wawili wanazungumzia pambano la mwisho, ilhali mleta mada ameuliza pia adui aonekane lini. Mchezaji akicheza saa kadhaa bila kumsikia Kunguru, hata pambano lililosanifiwa kwa ustadi litakuwa ni kukutana na mgeni.

Tazama SpongeBob SquarePants: Battle for Bikini Bottom ya mwaka 2003, ambayo ilitengenezwa upya mwaka 2020. Adui Plankton anaunda jeshi la roboti ili limsaidie kuiba siri ya chakula kiitwacho Krabby Patty, lakini swichi ya mashine yake imewekwa upande wa kutotii, na roboti hizo zinamfukuza kutoka katika mgahawa wake mwenyewe. Anachofanya baada ya hapo ndicho kinachonifurahisha: anamwendea SpongeBob, anaficha kwamba yeye ndiye chanzo cha balaa, na kumwomba azishughulikie. Tangu dakika za mwanzo, basi, mchezaji anafanya kazi ambayo adui mwenyewe ameiomba, na anajua hivyo, kwa sababu ameona kilichotokea ingawa SpongeBob hajaona.

Hapo kuna mambo mawili ambayo katuni ya vichekesho haiwezi kuyakosa. Adui ameharibu mambo kwa ujinga wake mwenyewe, na adui anaendelea kusema uongo. Hakuna haja ya kumwongezea nguvu hata chembe. Kunguru wenu angeweza kuibiwa chupa zake na vibaraka wake, akaja kwa Kindi akijifanya mwathiriwa. Mchezaji angemwona kila hatua, angemcheka, na angesubiri kwa hamu siku atakapomgeuka.

Msanifu wa Pembeni

Ndugu Jicho la Tatu, wazo hilo ni zuri kwa mchezo mrefu wenye mazungumzo mengi. Mleta mada ana kikundi kidogo na mchezo wa kukimbia na kuruka. Kila onyesho la mazungumzo lina gharama ya uchoraji, sauti na muda, na mtoto anayecheza mara ya pili ataliruka. Mimi ningependelea adui aonekane ndani ya mchezo wenyewe, nyuma ya jukwaa, akiiba kitu mbele ya macho ya mchezaji wakati mchezaji anaendelea kukimbia.

Jicho la Tatu

Sipingi hilo. Ninachopinga ni hatua nyingi mfululizo bila yeye. Akipita nyuma ya jukwaa na kuondoka na muziki wa hatua hiyo, nitaridhika.

Kalamu Nyeusi (mleta mada)

Nashukuru sana. Hilo la mwisho limenigusa: Kunguru apite, na muziki ukatike pale pale. Tulikuwa tukizungumzia wizi wa sauti kama jambo la hadithi tu, lakini linaweza kuwa jambo la kuchezwa: akiiba mlio wa vyura, mchezaji hasikii tena wanaporuka mbele yake, na akirudisha chupa, mlio unarejea. Je, kuna mchezo wa kujifunzia ambao adui husikika zaidi kuliko anavyoonekana? Na bado sijapata majibu kuhusu adui mpya.

Sikio Moja

Mchezo wa kujifunzia upo, nao unafundisha pande zote mbili. Batman: Arkham Asylum ya mwaka 2009 haikutokana moja kwa moja na katuni, ila ilirithi mengi kutoka katuni ya Batman iliyoanza mwaka 1992: Paul Dini, mmoja wa waandishi wa katuni ile, aliandika hadithi yake, Kevin Conroy na Mark Hamill walirudi kuwa sauti za Batman na adui wake Joker, na Harley Quinn, mfuasi wa Joker, ambaye alibuniwa katika katuni hiyo, naye yumo. Joker anaiteka hospitali ya wagonjwa wa akili, na kwa muda mwingi unamsikia tu kupitia vipaza sauti na kumwona kwenye skrini za ukutani. Anadhihaki, anatania, anawakaripia wafuasi wake wanaposhindwa. Hayuko nawe chumbani, lakini huwezi kumsahau.

Kisha mwishoni anajidunga dawa ya Titan na kuwa dude lenye misuli. Wachezaji wengi hawakulipenda pambano hilo, na mimi ni mmoja wao. Mtu ambaye silaha yake ni maneno na hila alipewa mikono mikubwa, na papo hapo akawa sawa na wabeba misuli wengine ambao Batman alikwisha kuwaangusha njiani. Waonyeshe wenzako mchezo huu kuanzia mwanzo hadi mwisho, na sidhani kama utahitaji kuongeza hoja yoyote dhidi ya jitu lenu.

Kuhusu kuiba mlio wa vyura, nina tahadhari moja. Wako wachezaji viziwi, na wako wengi zaidi wanaocheza kwenye simu wakiwa wamezima sauti. Kila sauti inayoibwa iwe na alama yake machoni: mawimbi madogo juu ya chura yanayotoweka chupa inapofungwa, au rangi ya mandhari inayofifia. Bila hivyo, kwa mchezaji wa namna hiyo Kunguru atakuwa hajaiba chochote.

Mzee wa Konsoli

Nijibu lile la adui mpya. Mfano mkubwa ni Kingdom Hearts ya mwaka 2002, ambapo Maleficent anaongoza baraza la maadui wa Disney: Jafar, Ursula, Hook, Hades na Oogie Boogie. Wazo la baraza linavutia kwa sababu kila mmoja ana tamaa yake na hawaaminiani. Lakini nyuma yao yuko Ansem, aliyebuniwa kwa ajili ya mchezo, na ukifika karibu na mwisho Maleficent, pamoja na kugeuka joka, anaonekana kama mtu aliyetumiwa tu. Mchezo mrefu wenye dunia nyingi unaweza kulimudu hilo. Wenu una adui mmoja anayependwa. Mkimpa bwana mkubwa, mmemshusha cheo bure.

Kama mwandishi wa programu anahitaji mtu wa kupigwa, DuckTales ya Capcom ya mwaka 1989 ina njia ya kati. Bosi wa mwisho ni Dracula Duck, ambaye si adui mkuu wa katuni hata kidogo. Ukishamwangusha, mchezo haujaisha: anajitokeza Flintheart Glomgold, hasimu halisi wa Scrooge, bata tajiri unayemwongoza, na unapaswa kumtangulia kufika kwenye hazina. Hampigani. Mnashindana mbio, kwa sababu ugomvi wa mabata hawa wawili tangu zamani ni nani atakuwa tajiri zaidi. Dude limepata pambano lake, na hasimu amepata lake.

Kalamu Nyeusi (mleta mada)

Hilo litawaridhisha pande zote. Kibaraka mkubwa apigwe, kisha Kunguru akimbie na chupa ya mwisho, na Kindi amfukuze kupitia hatua zote ambazo mchezaji amekwisha kuzipita, safari hii kutoka mwisho kuelekea mwanzo. Swali langu lililobaki ni dogo: akikamatwa, chupa ivunjwe na nani?

Msanifu wa Pembeni

Ivunjwe na Kunguru mwenyewe. Umesema ni msemaji kupita kiasi, basi sauti ya mwisho iliyofungwa iwe kitu asichoweza kukaa bila kukijibu. Mchezaji asipewe kitufe cha kupiga hapo. Apewe kitufe cha kumchokoza, Kunguru ajibu mara tatu, na mara ya tatu, mdomo wake ukiwa wazi kwa ubishi, chupa imponyoke.

Sikio Moja

Na maneno ya uchokozi yaandikwe kwenye kioo kwa herufi kubwa.