Ulinganisho: Chachu ya Kesho, Chumvi ya Jana au Asali ya Kusimama? Nisaidieni kuchagua

MtunziWaUsiku
Wakuu, habari zenu. Naandika riwaya kuhusu mpishi mwenye kiungo kinachobadilisha mwendo wa wakati. Nimebaki na vitatu, na lazima nichague wiki hii kwa sababu mchoraji anasubiri picha ya sura ya nne.

Chachu ya Kesho: kijiko kimoja tu, mtungi wa chakula kinachochachuliwa unapita miezi sita kwa usiku mmoja.
Chumvi ya Jana: hurudisha nyuma, kilichovunda kinakuwa kibichi tena.
Asali ya Kusimama: ukizamisha kitu humo hakisogei hata sekunde.

Kipi kitaibeba hadithi vizuri zaidi?

Chungu_Kikuukuu
Mkuu, maelezo hayatoshi. Wakati unabadilika kwa nani? Chakula peke yake, mtungi mzima, au hata anayekila? Kiungo kinatoka wapi, na mpishi hulipa nini akikitumia? Bila hayo tunapiga ramli.

BintiChachu
Mimi ni Chachu ya Kesho, sisiti. Kila aliyewahi kusubiri unga uumuke anaijua hamu hiyo, huhitaji kumweleza. Chumvi ya Jana itakuulia hadithi: kosa lolote la mpishi linafutika, sasa msomaji aogope nini?

Nyuzi_Ishirini
Nakubaliana na dada kuhusu Chumvi. Ila Chachu ina jambo ambalo mtunzi hajaligusa: gesi. Gramu 180 za glukosi zikigeuka kileo hutoa gramu 88 za kaboni dioksidi, yaani karibu lita 48. Kwa wiki tatu gesi hiyo hupenya kwenye kizibo polepole, hakuna anayeiona. Itoke yote usiku mmoja kwenye mtungi uliofungwa, asubuhi utaokota vigae. Na uchachuaji hutoa joto pia. Joto la miezi sita likija kwa pamoja, vijidudu vyenyewe vinakufa kabla ya kumaliza kazi.

MamaMtungi
Niliwahi kuharakisha kabichi ya kuchachusha bila kiungo cha ajabu, na sitasahau. Wageni walikuwa wanakuja baada ya siku tano, mtungi ulihitaji wiki tatu. Chumvi niliweka sawa, gramu 20 kwa kilo 1, nikaikandamiza mpaka maji yake yakaifunika. Kosa lilikuwa mahali. Badala ya kuiacha penye nyuzi 20 hivi, niliisogeza karibu na jiko, panapofika nyuzi 32. Siku ya pili povu lilijaa, nikafurahi, nikadhani nimepata. Siku ya nne nikafungua. Ilikuwa kali, lakini ukali mtupu usio na harufu, na majani yamelegea, yanateleza vidoleni kama sabuni. Kilo 4 zote nikamwaga, na roho iliniuma.

Baadaye ndipo nikajifunza kwamba mtungini kuna zamu. Bakteria wa Leuconostoc huanza, na hao ndio wanaoleta gesi na harufu nzuri. Asidi ikiwazidi huwapisha bakteria wengine, Lactobacillus plantarum, wanaovumilia uchachu mkubwa zaidi. Joto langu liliinyima zamu ya kwanza nafasi yake.

Kwa hiyo mwanangu mtunzi, nijibu hili: Chachu yako huharakisha saa, au huwachapa mbio vijidudu? Kama ni saa, zamu zote zitapita kwa mpangilio wake na kabichi itatoka nzuri. Kama ni mbio tu, itatoka kama yangu.

BintiChachu
Mama, hapo umenifungua macho. Iwe saa, basi.

Nyuzi_Ishirini
Hata ikiwa saa, siki haitawezekana. Bakteria wa siki wanataka oksijeni kutoka nje. Mtungini imepita miezi sita, lakini hewa ya chumbani bado ni ya usiku mmoja. Mvinyo utaiva, siki itakwama njiani. Ningekuwa mimi ningeijenga sura nzima hapo.

BintiChachu
Siki si uchachuaji. Pasteur mwenyewe, yule mwanasayansi wa vijidudu, alieleza uchachuaji kuwa ni uhai bila hewa.

Chungu_Kikuukuu
Hiyo ni maana ya maabara. Jikoni, vijidudu vikibadilisha chakula kikawa kitu kingine kizuri, tunasema kimechachuliwa, siki ikiwemo. Na huyo huyo Pasteur aliichunguza siki pia.

BintiChachu
Maana ikiachwa ipanuke hivyo, hata jibini lenye ukungu litaingia.

Chungu_Kikuukuu
Na liingie! Lina kosa gani?

Mzinga7
Mnaisahau asali. Ndiyo pekee yenye mizizi katika ukweli: asali iliyoiva ina maji chini ya asilimia 20, na sukari yake hunyonya maji ya vijidudu mpaka visiweze kukua. Lakini spora, yaani mbegu ngumu, za bakteria wa sumu Clostridium botulinum huweza kubaki humo zimelala, ndiyo maana mtoto wa chini ya miezi 12 hapewi asali. Kilichosimama hakijafa. Mpishi akitoa kitu kwenye Asali ya Kusimama baada ya miaka mia, ni nini kitaamka pamoja nacho?

MtunziWaUsiku
Samahani kwa kuchelewa. Wakati unabadilika ndani ya mtungi tu, ukuta wa udongo ndio mpaka. Malipo: kwa kila mwezi unaopita mtungini, mpishi husahau siku moja ya maisha yake. Chumvi ya Jana nimeitoa. Mambo ya gesi na siki sikuwa nimeyafikiria kabisa, na sasa swali la Mzinga7 limenirudisha kwenye Asali.

Chungu_Kikuukuu
Anasahau siku ipi, ya utotoni au ya jana? Akisahau ya jana, hatakumbuka kwamba mtungi umewekwa, na hakuna wa kuufungua gesi ikijaa.

MtunziWaUsiku
Sijaamua hilo. Nipeni usiku mmoja.

Mgeni_Jikoni
Samahani kuingilia. Mama Mtungi, kabichi yangu ina siku sita, tangu jana kuna utando mweupe juu ya maji. Niimwage?

MamaMtungi
Una manyoya?

Mgeni_Jikoni
Hapana, mwembamba tu, umekunjamana kidogo.

MamaMtungi
Basi usimwage. Mara nyingi hiyo ni hamira ya juu ya maji. Uondoe kwa kijiko, na hakikisha majani yote yamezama. Ukiona manyoya, au rangi ya kijani, nyeusi au waridi, hapo mwaga yote. Umeuweka penye nyuzi ngapi?

Mgeni_Jikoni
Sina kipimajoto. Uko karibu na jiko.

MamaMtungi
Usogeze sasa hivi, mwanangu.