Neno "widdershins": niandike "kinyume cha saa" au kuna namna nyingine?

Mfasiri wa Kihonda

Shikamooni wakubwa, na wenzangu habari za jioni.

Natafsiri hadithi za kale za Uskoti kwa ajili ya watoto wa darasa la tano na la sita. Nyingine zote zimekaa sawa, nimekwama kwenye neno moja: widdershins.

Hadithi yenyewe ni ya Childe Rowland. Ndugu wanacheza mpira karibu na kanisa, mpira unarushwa unavuka paa, dada yao Burd Ellen anakimbia kuufuata kwa kuzunguka kanisa widdershins. Harudi. Merlin, ambaye ndiye mjuzi wa mambo ya siri humo, anasema msichana amechukuliwa na watu wa Elfland, nchi ya majini, kwa sababu alizunguka kanisa kinyume na jua. Hadi hapo naelewa. Shida iko mbele: mdogo wa mwisho anakwenda kumtafuta, anakutana na mwanamke mfuga kuku, naye anamwambia akifika kwenye kilima cha kijani akizunguke mara tatu, widdershins vilevile, na kila mara aseme "Funguka, mlango!" (Baada ya kuelekezwa vizuri hivyo, kijana anamkata kichwa yule mama. Merlin ndiye aliyemwagiza. Hilo nalo nitalijadili na mhariri wangu.)

Kwa hiyo neno lilelile linampoteza dada, na linamfungulia kaka mlango. Nataka usemi mmoja utakaofaa mahali pote pawili. Kamusi yangu ya Kiingereza kwa Kiswahili haina neno hili. Ya Kiingereza kwa Kiingereza inasema ni mzunguko wa kinyume cha akrabu za saa, basi. Nikiandika "kinyume cha saa" naona kama namwelekeza mtu kufungua boliti ya gurudumu, na katika hadithi hakuna saa hata moja. Halafu, hizo "shins" ni miundi ya miguu au ni kitu kingine?

Bint Leith

Ndugu mfasiri, niko Leith, Edinburgh, kazi yangu ni kutunza wazee. Neno hili nililisikia kwao kabla sijalikuta kitabuni. Kuna bibi kutoka visiwa vya magharibi aliniona nakoroga uji wa shayiri kwa kuelekea kushoto, akanishika mkono. Uji hukorogwa kwa mkono wa kulia na kwa kulifuata jua, ukikoroga kinyume unamkaribisha shetani mezani. Alisema huku anacheka, lakini mkono wangu hakuuachia mpaka nilipogeuza mwiko.

Miundi haimo. Chanzo ni Kijerumani cha kaskazini cha zamani, weddersinnes: sehemu ya kwanza ni "kinyume", ya pili ni "njia" au "uelekeo". Waskoti walikuwa nalo tayari mwanzoni mwa karne ya 16, na wakati huo halikuwa na jua ndani yake. Gavin Douglas, aliyemaliza kumtafsiri Virgil, mshairi wa Roma ya kale, kwa Kiskoti mwaka 1513, alilitumia kwa nywele: mtu ameingiwa na hofu, nywele zikasimama widdershins, yaani zikaenda kusiko. Maana ya kulipa jua kisogo ilikuja kushika baadaye, na mimi nadhani sauti ya neno ilisaidia, maana ukilitamka haraka unasikia kama kuna "sun" humo ndani.

Kisha likaingia mahakamani. Katika kesi za wachawi za North Berwick, zilizoanza 1590 chini ya Mfalme James wa Sita, kumbukumbu zinasimulia watu waliodaiwa kukutana na Ibilisi kanisani usiku na kuzungushwa widdershins. Agnes Sampson, mkunga na mganga, alinyongwa kisha akachomwa moto hapa Edinburgh mwaka 1591 kwa kesi hizo. Ndiyo maana nakuambia usiliweke "kinyume cha saa". Watu walikufa kwa maneno ya aina hii, na aliyeyaandika hakuwa anafikiria saa.

Matumizi ya leo: huja baada ya kitenzi, mtu anatembea widdershins, anacheza dansi widdershins. Wafuasi wa Wicca, dini ya siku hizi ya uchawi, wanalitumia kwa dhati, wengine kwa utani, kwamba mipango imekwenda kombo. Ukimwambia fundi bomba hapa Leith afungue koki widdershins, atakuelewa, lakini atawahadithia wenzake.

Pacha wake ni deasil, yaani kulifuata jua, neno la Kigaeli, lugha nyingine ya Uskoti. Deas ni kulia, na pia ni kusini. Ukisimama kulitazama jua linapochomoza, kusini iko mkono wako wa kulia, ndiyo sababu. Martin Martin, mtu wa kisiwa cha Skye, aliandika mwaka 1703 jinsi watu wa visiwani walivyobeba moto na kumzunguka mzazi na kichanga chake kwa upande huo, kuwakinga.

Kilomita Sifuri

Mambo zenu. Mimi niko Nanyuki, pale ambapo barabara inakata ikweta, kwa hiyo hii ni mada ya nyumbani kabisa.

Hiyo "kinyume na jua" inafanya kazi Uskoti kwa sababu kule jua la mchana liko kusini mwaka mzima. Linatoka mashariki, linapita kusini, linazama magharibi: ukilifuata kwa uso unageuka kulia, kama akrabu za saa. Na si bahati. Saa za kwanza zenye uso zilitengenezwa huko kaskazini, na akrabu zikafuata mwendo wa kivuli kwenye saa za jua za huko. Huku kwangu, kati ya Machi na Septemba jua linapita kaskazini, kwa hiyo ukilifuata unageuka kushoto. Halafu linahamia upande wa pili. Mfasiri akiwa Morogoro, jua la adhuhuri liko kaskazini kwake kuanzia mapema Machi hadi mapema Oktoba. Msichana akizunguka kanisa la Morogoro mwezi wa sita kinyume na jua, atakuwa anakwenda sawasawa na saa!

Watu wa Bolivia walilitafakari hili hadi mwisho. Mwaka 2014 walibadilisha saa ya jengo la Bunge mjini La Paz, akrabu zikawa zinazunguka kushoto, kwa hoja kwamba wao ni watu wa kusini.

Na kabla hamjauliza: ndiyo, wale vijana wa beseni lenye tundu, wanaokuonyesha maji yakizunguka huku upande wa kaskazini na kule upande wa kusini, hatua chache tu kutoka kibao cha ikweta. Siri iko katika namna maji yanavyomiminwa. Mzunguko wa dunia unageuza vimbunga kweli, Idai ya 2019 iliyoipiga Beira ilikuwa inazunguka kwa mwendo wa saa kama vimbunga vyote vya kusini mwa ikweta, lakini beseni ni dogo mno kwa nguvu hiyo. Watalii wanalipa, cheti wanapewa, kila mtu anafurahi.

Mzee wa Mashua

Marahaba wanangu. Niko Tanga, nimekula chumvi ya majahazi ujana wangu wote, Pemba, Mombasa, Lamu na kurudi. Acheni niseme kidogo.

Kwanza nyinyi mnahangaika na kulia na kushoto. Chomboni hatukuwa na mazungumzo hayo. Kulikuwa na tezi na omo, nyuma na mbele, kisha upepo ukakupa zilizobaki: upande wa joshi ni unakotoka upepo, upande wa demani ni unakokwenda. Upepo ukigeuka, joshi inahama na wewe unahama nayo. Hata pembe za dunia, wazee waliotufundisha hawakusema kaskazini kama shuleni. Walisema kibla, kwa kuwa kutoka pwani yetu Makka iko upande huo. Kusini walisema suheli, kwa ile nyota. Mashariki matlai. Na hizo kaskazini na kusini zenu za shuleni zimetoka kwa pepo zilezile mbili, kaskazi na kusi. Kwa hiyo Mgaeli aliyeiita kusini "kulia" simshangai. Alisimama mahali, akatazama kilicho na maana kwake, akahesabu kuanzia hapo.

Sasa mwanangu mfasiri, nikuonyeshe mwamba ulipo. Unataka kuandika kwamba Burd Ellen alizunguka nyumba ya ibada kinyume cha saa na kwa hiyo akapatwa na balaa. Mtoto wa Chumbageni atakayekisoma kitabu chako ana babu aliyehiji. Na hujaji anatufu vipi? Mara saba, Al-Kaaba iko kushotoni kwake. Huo ndio mzunguko uleule ambao Waskoti wanauogopa! Na si huko tu. Barazani kwetu kahawa ikija, dele linaanzia kulia na linaendelea kwa aliye kulia. Watu wakiwa wamekaa duara, ukitazama kutoka juu, finjani inakwenda kinyume cha saa jioni nzima, na hakuna aliyechukuliwa na majini. Hata wakimbiaji viwanjani wanazunguka hivyo hivyo. Mtoto atajiuliza: huyu dada kakosea nini?

Kosa lake si kushoto. Kosa ni kupingana na kitu kikubwa kinachokwenda njia yake. Baharia analijua hili kwa mikono. Kamba iliyosokotwa kulia unaikunja kwa kuzungusha kulia, inalala chini kwa utii. Ikunje upande mwingine, inajinyonga, inatoa vifundo, na siku ya kutweka tanga kwa haraka itakukosesha kula chakula cha usiku. Kamba haina uchawi. Ina njia yake na wewe umeipinga.

Basi neno ninalo, nalo ni hilo hilo: kupinga. Sema "akalizunguka kanisa akilipinga jua". Na yule mfuga kuku aseme "kizunguke kilima mara tatu, ukilipinga jua". Kupinga kuna maana mbili na zote unazihitaji: kukaa njiani mwa kitu, na kukataa amri yake. Dada kalipinga bila kujua, kaka analipinga kwa kusudi. Saa huwezi kuipinga, ukijaribu unaivunja tu.

Kilomita Sifuri

Mzee, nakuvulia kofia. Lakini hoja yangu ya Morogoro mwezi wa sita bado imesimama.

Mzee wa Mashua

Isimame tu. Kanisa liko Uskoti, na jua lililopingwa ni la Uskoti. Mtoto hapimi kivuli kwa rula akisoma hadithi. Anayehitaji kujua kushoto na kulia ni mchoraji peke yake.

Bint Leith

Nakubaliana na Mzee, na naongeza jambo la kazi. Kama mchoraji atamchora Burd Ellen akikimbia, ukuta wa kanisa uwe kushotoni kwake. Hapo Mskoti yeyote akikiona kitabu ataelewa kabla ya kuuliza maandishi yanasemaje. Mshale usichorwe, utarudisha habari ya boliti.

Pia usijaribu kuliacha neno la Kiskoti ndani ya sentensi ya Kiswahili kwa herufi za mlazo. Nimeona wafasiri wanafanya hivyo kwa maneno magumu, mtoto analiruka kama shimo barabarani na maana inabaki humo.

Mfasiri wa Kihonda

Nawashukuru sana. Mzee, "akilipinga jua" nimeichukua na nimeshaijaribu katika sehemu zote mbili. Nimeandika hivi:

"Burd Ellen akatoka mbio kuufuata mpira. Akalizunguka kanisa akipinga jua, na ndugu zake wakangoja upande wa pili."

Na kule mbele:

"Ukifika kwenye kilima, kizunguke mara tatu ukipinga jua, na kila mara useme: Funguka, mlango!"

Merlin naye nimempa sentensi ya kueleza, kwa sababu ndiye anayeeleza hata katika Kiingereza: "Jua lina njia yake, na dada yenu amelipinga mlangoni mwa kanisa." Hiyo ya mwisho nimeongeza mwenyewe kidogo, sijui kama nimezidisha.

Na deasil, ikijitokeza katika hadithi nyingine?

Mzee wa Mashua

"Kwa kulifuata jua." Usitafute zaidi.

Sentensi zako nzuri, ila umeiangusha "li" mara mbili. "Akipinga jua" ni mtu aliyeketi mkutanoni na kukataa hoja. "Akilipinga jua" ni huyu msichana wako, na jua analijua lipi. Irudishe. Na ya Merlin toa "mlangoni mwa kanisa", maana alizunguka kanisa zima, hakusimama mlangoni.