FFTW, KissFFT au programu iliyo tayari kwa kutuni ganuni?

Udi_Mkunazini: Assalaam alaykum. Naandika programu ndogo ya kompyuta kwa kilabu chetu cha taarab: mtu apige ganuni, ile ala ya nyuzi nyingi, kioo kioneshe papo hapo sauti imekaa wapi. Nimebakiwa na FFTW na KissFFT, maktaba za msimbo za kuhesabu FFT, yaani kuigawa sauti katika masafa yake. Mashine ya zamani, Linux. Nishike ipi?

FundiDarajani: Waalaykum salaam. Kwa kasi FFTW haina mpinzani hapo. Imetoka MIT, na hujipima kwenye mashine yako ichague njia ya haraka. Ila leseni yake ni GPL: ukitaka kuuza programu bila kutoa msimbo, ukanunue leseni nyengine. KissFFT ni BSD, leseni isiyokulazimisha kutoa msimbo; mafaili machache ya C unayatia ndani ya mradi, basi. Kwa maikrofoni moja hutaona tofauti.

Mwana_wa_Wete: Mnagombea injini bure. Dirisha, yaani kipande cha sauti kinachohesabiwa kwa mara moja, umeweka sampuli (vipimo vya sauti) ngapi?

Udi_Mkunazini: 1,024, kwa 44,100 kwa sekunde. Vijiti vya masafa kwenye kioo vinaruka vizuri hasa!

Mwana_wa_Wete: Vinaruka lakini havikwambii kitu. Gawa 44,100 kwa 1,024: kijiti kimoja kinabeba Hezi (mitetemo kwa sekunde) 43. Ganuni ina robo toni, na kutoka La ya Hezi 440 robo toni ni kama Hezi 13 tu. Utatuni nini hapo? Weka 16,384, upate Hezi 2.7 kwa kijiti. Na utumie dirisha la Hann, linalofifisha ncha za kipande, la sivyo sauti inamwagikia vijiti vya jirani. Ubaya wake, dirisha hilo limebeba sekunde 0.37 za sauti, kioo kitachelewa.

FundiDarajani: Si apishanishe madirisha? Kila zikiingia sampuli 1,024 mpya anahesabu tena, kioo kinabadilika mara 43 kwa sekunde.

Mwana_wa_Wete: Kinabadilika, lakini sauti iliyopita bado imo ndani. Kwa kutuni sawa, kwa jukwaani hapana.

Bi_Kikwajuni: Kwani lazima muandike, wanangu? Friture ni ya bure na inasoma maikrofoni moja kwa moja. Rekodi za kale natazama kwa Sonic Visualiser ya Queen Mary University of London. Unasogeza mshale, inakusomea Hezi. Spek haioneshi sauti hai, faili tu, lakini nimemkamatia muuza nyimbo mmoja: kaandika "ubora wa juu", kumbe juu ya kilohezi 16 ni weusi mtupu. MP3 iliyobanwa hiyo, masafa ya juu yamekatwa!

Pweza77: Audacity je?

Bi_Kikwajuni: Wigo (picha ya masafa) inachora, ila uchague kipande kwanza. Na wewe Udi, sauti moja ya ganuni ina nyuzi tatu. Zikipishana Hezi moja sikio linasikia inayumba, kioo chako kitaonesha kilima kimoja.

Udi_Mkunazini: Basi KissFFT, 1,024 ya kupambia na 16,384 ya kutuni. Nyuzi nizipige moja moja, Bi?

Bi_Kikwajuni: Moja moja. Mbili zizibe kwa kitambaa.