Mjadala: Hukumu ikiandikwa kwa Kiswahili, nguvu ya mahakama inahamia kwa mwananchi?

Mchambuzi wa Iringa
Ndugu zangu, naleta hoja inayonisumbua tangu Bunge la Tanzania lilipopitisha Sheria ya Marekebisho ya Sheria Mbalimbali Na. 1 ya mwaka 2021, iliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama. Wengi mnakumbuka Siku ya Sheria kule Dodoma, tarehe 1 Februari mwaka huo, Rais Magufuli alipomsifu Jaji Zephrine Galeba kwa kuandika uamuzi kwa Kiswahili katika shauri lililohusu mgodi wa dhahabu, kisha akamteua kuwa Jaji wa Mahakama ya Rufani. Pamoja na shangwe zile, ukizifungua leo hukumu za Mahakama Kuu utakuta nyingi bado ni za Kiingereza, kwa kuwa sheria ileile iliacha mlango wa kutumia Kiingereza pale maslahi ya utoaji haki yanapohitaji, na kanuni za mwaka 2022 zikaeleza mazingira yake.

Swali langu si la uzalendo. Wachanganuzi wa usemi hutuambia kwamba lugha haifanyi kazi ya kueleza yaliyotokea tu, bali hupanga nani anaruhusiwa kuuliza, nani anaandika yaliyosemwa, na maneno ya nani yatahesabiwa kuwa ushahidi. Je, tukibadilisha lugha ya hukumu, mpangilio huo nao unabadilika, au mwananchi anashindwa kesi yake vilevile, ila safari hii kwa lugha anayoielewa?

Wakili wa Kujitegemea
Mada ni nzuri, lakini imejaa hisia. Sheria zetu zimerithiwa: Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967 imefuata kwa karibu ile ya India ya mwaka 1872, na maneno yake yamefasiriwa na majaji wa nchi kadhaa kwa zaidi ya karne moja. Ukihamisha neno moja unahamisha maamuzi yote yaliyolielezea, na hapo atakayeumia ni huyohuyo mwananchi mnayemtetea. Isitoshe, hakuna aliyewahi kunyimwa haki kwa sababu ya lugha, kwa kuwa mashauri husikilizwa kwa Kiswahili ambacho kila Mtanzania anakielewa, na yule mmoja asiyekielewa hutafutiwa mkalimani, ambaye mara nyingi ni karani tu aliyekaa pale pembeni. Kinachoandikwa ndani ya faili ni suala la wataalamu.

Karani Mstaafu
Wakili msomi, nimelisoma hilo "karani tu" mara mbili ili nihakikishe macho yangu hayanidanganyi. Mimi ndiye niliyekuwa nikikutafutia faili lililopotea, nikikupangia tarehe, na nikikukumbusha kwamba hati yako ya kiapo haina sahihi ya kamishna wa viapo. Kwa kuwa nilikaa pembeni, niliona mambo ambayo wewe uliyesimama katikati hukuyaona.

Enzi zetu katika mahakama ya wilaya shahidi alisema kwa Kiswahili na hakimu akaandika kwa mkono kwa Kiingereza, papo kwa papo, kichwa kimeinama. Shahidi akishika kasi alizuiwa kwa kiganja kilichoinuliwa: "Subiri kwanza." Alisubiri mpaka kalamu imfikie, na aliporuhusiwa kuendelea alikuwa amepoteza uzi, au ameanza kufikiria namna ya kusema kwa ufupi ili asimchoshe mheshimiwa. Mzee aliyeanza kueleza mpaka wa shamba tangu enzi za babu yake aliishia kusema: "Basi, ndivyo ilivyokuwa." Hilo la mwisho ndilo lililoingia kwenye faili. Niambie sasa kwamba hakuna aliyenyimwa kitu.

Mwanafunzi wa Isimu
Ninamshukuru mzee wetu Karani, kwa kuwa ameeleza jambo ambalo wengi wetu tunalisoma kwa njia ya mbali. Naomba niongeze kwamba tatizo halimo katika Kiingereza peke yake, limo katika umbo la kumbukumbu yenyewe. Kifungu cha 210 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinaelekeza kwamba kwa kawaida ushahidi usiandikwe kama maswali na majibu, bali kama masimulizi. Tuchukue mfano: mwendesha mashtaka anauliza, "Ulimwona mshtakiwa akiwa ameshika panga?" na shahidi anajibu, "Ndiyo." Katika faili swali linatoweka, na inabaki sentensi moja inayosema kwamba shahidi alimwona mshtakiwa ameshika panga. Maneno yalikuwa ya mwendesha mashtaka, shahidi akachangia neno moja, na jaji wa rufaa atakayesoma baadaye ataona shahidi aliyejieleza kwa ufasaha na kwa hiari yake. Mwanafalsafa Mfaransa Michel Foucault alikuwa akisisitiza jambo la namna hii: nguvu haikai tu kwa anayekataza, hukaa pia katika taratibu zinazoamua usemi upi ukubaliwe kuwa maarifa.

Wakili wa Kujitegemea
Nilijua tutafika kwa Foucault. Bwana huyo wa Paris sina ugomvi naye, ila sidhani kama aliwahi kungoja shauri lake liitwe tangu asubuhi mpaka alasiri katika Mahakama ya Wilaya.

Mzee Karani, sikumtukana mtu. Nilieleza cheo, na cheo si tusi. Na wewe, mwanafunzi, kama umekisoma kifungu cha 210 ungekisoma chote: kifungu hichohicho kinamtaka hakimu amweleze shahidi kwamba ana haki ya kusomewa ushahidi wake, na shahidi akiwa na maoni juu yake, yaandikwe.

Mama wa Mbeya
Mimi si mwanasheria, lakini naona mmelisahau jambo moja. Maelezo ya onyo yanayochukuliwa polisi huandikwa kwa Kiswahili, tena chepesi, na huanza kwa mtuhumiwa kusema kwamba anaeleza kwa hiari yake mwenyewe. Ukiyasoma ya watu watano tofauti, mkulima, dereva, mvuvi, mwanafunzi na muuza duka, wote wanazungumza kwa sauti moja, na sauti hiyo ni ya askari aliyeshika kalamu. Pale hakuna Kiingereza hata kidogo. Ikiwa Kiswahili peke yake kingemrudishia mwananchi nguvu, tungeanza kuiona nguvu hiyo kwenye kaunta ya polisi.

Karani Mstaafu
Cheo si tusi, lakini neno "tu" halimo katika muundo wa utumishi. Tuendelee.

Hiyo haki ya kusomewa naifahamu vizuri kuliko unavyodhani. Shahidi amemaliza kuhojiwa, amebanwa na mawakili wawili, jua limegeuka na basi la mwisho la kurudi kijijini linakaribia kuondoka. Hakimu anamuuliza, "Unataka usomewe ulichokieleza?" Anajibu, "Hapana, mheshimiwa." Inaandikwa kwamba ameelezwa haki yake na hakuitaka, na sheria imetimia. Akithubutu kusema ndiyo, hakimu inambidi ageuze kwa mdomo Kiingereza alichokiandika akirudishe katika Kiswahili, yaani shahidi anasomewa tafsiri ya tafsiri ya maneno yake na anaulizwa kama ni yake. Wengi huitikia kwa kichwa.

Mzalendo Halisi
Tuache nadharia za Wazungu. Tanzania imeonyesha njia: Katiba ya mwaka 1977 iliandikwa kwa Kiswahili, Bunge linajadiliana kwa Kiswahili, na aibu iliyokuwa imebaki, ya miswada kuletwa kwa Kiingereza ili mbunge aijadili kwa lugha nyingine, sheria ya mwaka 2021 imeishughulikia. Majirani zetu wa Kenya hawatafika hapa, kwa kuwa Kiswahili chao ni cha kuokoteza.

Binti Kilindini
Kaka Mzalendo, cha kuokoteza? Muyaka bin Haji alikuwa akitunga mashairi hapa Mombasa, tena ya kuwasuta watawala na mahasimu, kabla hiyo Tanganyika yako haijapewa jina na kuchorwa kwenye ramani. Chagua maneno yako.

Kuhusu mahakama, yetu ni mabaya kwa namna nyingine na sina haja ya kuyaficha. Katiba ya mwaka 2010, ibara ya 7, inakifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Lakini ibara ya 259 inasema kwamba matoleo ya lugha tofauti ya Katiba hiyo yakigongana, la Kiingereza ndilo litakaloshinda. Lugha mbili zimeketi meza moja, na moja imeshaambiwa kwamba ikibishana na mwenzake itakuwa imekosea. Sheria ya Mwenendo wa Madai nayo inataja Kiingereza kuwa lugha ya Mahakama Kuu na ya Mahakama ya Rufani.

Mzalendo Halisi
Dada yangu, usikasirike. Ukweli unabaki kwamba Kiswahili sanifu kiliamuliwa Zanzibar mwaka 1930, na walioamua walijua wanachofanya.

Binti Kilindini
Hakikuamuliwa Zanzibar. Mkutano ulifanyika hapahapa Mombasa mwaka 1928, Kiunguja kikachaguliwa kuwa msingi, kisha Kamati ya Lugha ya makoloni ya Afrika Mashariki ikaanza kazi mwaka 1930, katibu wake wa kwanza akiwa Mwingereza Frederick Johnson. Walioamua walikuwa maofisa wa elimu na wamisionari, na hata wao hawakuwa kitu kimoja, kwa kuwa wapo waliokipigania Kimvita, Kiswahili cha hapa Mombasa. Tangu siku hiyo maneno ya bibi yangu yakawa "lahaja", na mtoto aliyeyaandika kwenye mtihani akakosolewa kwa wino mwekundu. Naunga mkono hukumu za Kiswahili kwa mikono miwili, ila nauliza ni Kiswahili cha nani, maana shahidi wa Lamu akisema kwa Kiamu karani wa Nairobi atamsahihisha kabla ya kumwandika.

Mwalimu wa Hanang
Nimevumilia mpaka hapa, lakini wakili aliposema kwamba Kiswahili "kila Mtanzania anakielewa" na kwamba asiyekielewa ni "yule mmoja", nimeona nisinyamaze. Yule mmoja ninaishi naye. Huku kwetu wazee wa Kibarbaig huzungumza Kidatoga, na kwao Kiswahili ni lugha ya ofisi kama Kiingereza kilivyo kwenu.

Mnakumbuka mashamba saba ya ngano ya NAFCO, shirika la umma la kilimo, yaliyoanzishwa kwa msaada wa Kanada katika malisho ya watu hawa. Wanakijiji wa Mulbadaw walikwenda mahakamani miaka ya 1980. Mahakama Kuu iliwapa ushindi, Mahakama ya Rufani ikautengua, na mojawapo ya sababu ilikuwa kwamba hawakuthibitisha kuwa wao ni wenyeji kwa maana ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 1923. Fikirini hilo. Watu ambao makaburi ya wazee wao yamo ndani ya mashamba yale walitakiwa kuleta ushahidi wa uenyeji wao, kwa tafsiri iliyoandikwa na mkoloni ili kuwatofautisha na yeye. Wala halikuwa suala la kuijua au kutoijua lugha; hata wangezungumza Kiingereza cha kasri la mfalme, mizani ya neno lile haikuwa mikononi mwao.

Wakili wa Kujitegemea
Mwalimu, kesi hiyo naifahamu, na ilihusu wajibu wa kuthibitisha madai. Anayedai ndiye anayethibitisha. Hiyo ni sheria, si lugha.

Mwanafunzi wa Isimu
Wakili msomi, kwa heshima zote, hapo ndipo tunapotofautiana. Mzigo wa kuthibitisha humwangukia anayedai, lakini nani aitwe mdai na nani aitwe mwenye mali huwa kumeshaamuliwa na maneno kabla ya shauri kufunguliwa. Malisho yakiandikwa kwenye ramani ya mradi kuwa ardhi isiyotumika, anayelima ngano anakuwa mwendelezaji na anayerudi na ng'ombe wake anakuwa mvamizi. Baada ya hapo hakimu mwadilifu kabisa anaweza kuifuata sheria hatua kwa hatua na bado akatoka na jibu lililokuwa limeandaliwa.

Mchambuzi wa Iringa
Naomba nirejee kidogo kwenye mada, ingawa naona imeshahama yenyewe na huko ilikohamia si kubaya. Mahakama ya Tanzania imeanza kutumia mfumo wa akili unde unaonukuu na kutafsiri mwenendo wa mashauri. Sauti ikinukuliwa neno kwa neno, maswali yaliyokuwa yakimezwa na masimulizi yatarudi kwenye kumbukumbu, na jaji wa rufaa ataona ni nani aliyelitaja panga kwanza. Je, hilo si badiliko kubwa kuliko lugha ya hukumu?

Karani Mstaafu
Ni kubwa, iwapo hayo yaliyonukuliwa yatakuwa ndiyo kumbukumbu rasmi, na mshtakiwa aliye mahabusu ataweza kuyapata bila wakili. Mashine isipomwelewa mtu wa Kigoma ikaandika linalofanana, nani atairekebisha? Nina hakika mtamwita karani.

Wakili wa Kujitegemea
Sheria imeshaweka utaratibu. Kifungu cha 211 cha sheria ileile ya mwenendo wa jinai kinataka ushahidi utolewao kwa lugha asiyoielewa mshtakiwa atafsiriwe mbele yake. Mkalimani anaapishwa, na anawajibika kwa kiapo chake.

Mwalimu wa Hanang
Anaapishwa, na kwenye faili huandikwa jina lake na lugha anayotafsiri. Maneno ya Kidatoga yaliyoingia masikioni mwake hayaandikwi popote. Yanayoandikwa ni yale yaliyotoka kinywani mwake. Akipatikana kwa haraka, kwa kuulizia waliosimama uani nani anajua lugha hii, kiapo hakimwongezei msamiati.

Wakili wa Kujitegemea
Unataka basi tuandike mwenendo wa shauri kwa Kidatoga? Nani atausoma Mahakama ya Rufani?

Mwalimu wa Hanang
Sijasema muandike. Kama kifaa cha kurekodi kipo, sauti ya mzee ihifadhiwe pamoja na faili, na upande unaolalamika upewe nafasi ya kuleta mtu wake aisikilize na kuipinga tafsiri kwa hati ya kiapo, kama mnavyopinga tarehe, sahihi na mihuri kila siku.

Wakili wa Kujitegemea
Hilo linahitaji kanuni, na kanuni inahitaji bajeti. Lilete kwenye maoni ya wadau, nitalisoma.