Fundi hakuja, ripoti yake ikasomwa. Hapo nimesikilizwa?

Mkulima wa Ilula: Kamwene wote. Nilinunua pampu ya petroli ya kumwagilia nyanya, muuzaji simtaji. Siku ya tisa injini ikanoki, kamba haivutiki kabisa. Akagoma kurudisha hela, nikapeleka lalamiko kwenye chombo cha kusikiliza malalamiko ya wanunuzi, tukaitwa kwenye shauri. Kufika pale ikasomwa ripoti ya fundi wake: "iliendeshwa bila oili". Fundi mwenyewe hayupo. Nikaomba aitwe nimuulize maswali mawili tu. Mwenyekiti akasema hapa si mahakamani, mambo ya dodoso, yaani kumhoji shahidi wa mwenzako, hakuna. Nikashindwa. Nimerudi nyumbani nikaisoma nakala taratibu: ripoti ina tarehe 14. Pampu nimeifikisha dukani tarehe 16, karatasi ya kuipokea ninayo, ina mhuri wao! Naomba mjadala: mlalamikaji awe na haki ya kumhoji shahidi wa upande wa pili, au karatasi zinatosha?

Dereva wa Fuso: Oili uliweka au hukuweka?

Mkulima wa Ilula: Niliweka. Katika yote hayo umeona oili tu?

Wakili wa Kijiweni: Ibara ya 15 ya Katiba, kila mtu asikilizwe. Kwisha kazi.

Binti Makambako: Kaka, ya 15 ni uhuru wa mtu binafsi. Unayoitafuta ni ya 13(6)(a): haki na wajibu wako vikiamuliwa na mahakama "au chombo kinginecho kinachohusika", upewe fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na rufani juu. Kwa hiyo hilo la "hapa si mahakamani" halimwokoi mwenyekiti. Na Mahakama ya Rufani ilishasema kwenye kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts, ipo kwenye ripoti za kesi za 2003, kwamba kusikilizwa ni haki ya kikatiba. Jina lenyewe la huku kwetu.

Mzee wa Soweto: Binti yangu, kusikilizwa na kuhoji ni vitu viwili. Huyu alisikilizwa, aliongea. Vyombo hivi viliwekwa ili mtu wa kawaida asihangaike. Leteni dodoso muone: muuzaji atakuja na mawakili watatu, na atakayetoka jasho siku nzima ni mkulima. Baraza la kata nimekaa, wakili haruhusiwi kuingia, na watu walipatana. Halafu tusidanganyane, nyinyi wa Ilula tenga mnalipanga wenyewe, juu nyekundu, chini maji. Nani aliwahi kuwadodosa?

Mama Nyanya Mwanjelwa: Ndaga fijo mzee wangu!!! Juzi nimefungua tenga, mistari miwili ya juu unaweza kupiga picha. Nazamisha mkono, unatoka na mchuzi. Nikauza kwa mafungu ya bei ya hasara hadi jioni.

Mkulima wa Ilula: Shikamoo mzee, lakini hapo umenikwaza. Mkulima hapangi tenga. Dalali anakuja na tenga lake, anajaza, anapandisha juu mpaka kichuguu, anafunga na nyasi, halafu analipa tenga moja. Mimi hapo nimetoa moja na nusu. Leo mwizi ni mimi?

Dereva wa Fuso: Na msitutupie madereva. Barabara ikifunga unakaa saa sita juani, mzigo wote umelalia nyanya za chini. Unategemea nini?

Mama Nyanya Mwanjelwa: Mkulima siyo, dereva siyo. Basi huyo dalali aletwe hapa tumuulize mbele ya watu!

Binti Makambako: Mama, ndicho alichoomba mwenzako kwa yule fundi.

Mama Nyanya Mwanjelwa: Fundi simjui mimi, nazungumzia tenga.

Wakili wa Kijiweni: Mzee wa Soweto, mabaraza ya kata yalinyang'anywa kuamua ardhi 2021, yakabaki kusuluhisha. Unadhani kwa nini? Kwetu ukienda bila jogoo husikilizwi.

Mzee wa Soweto: Taja huyo jogoo nilimla lini. Taja! Kijana hata ibara huzijui unakuja kuniita mla rushwa. Nimeamua mipaka ya watu mimi kwa miguu, kwenye tope, wewe uko shule.

Wakili wa Kijiweni: Sikusema wewe mzee, nimesema kwetu.

Mzee wa Soweto: Umeandika jina langu mwanzoni mwa sentensi.

Binti Makambako: Jamani. Mzee, hofu yako ya mawakili naielewa, lakini kuna njia ya katikati: maswali yaandikwe, mwenyekiti ndiye amuulize fundi, kila upande usikie majibu. Hapo hakuna wakili wala kelele. Swali la tarehe lingemaliza dakika moja.

Mzee wa Soweto: Kwanza huyu aniombe radhi.

Mkulima wa Ilula: Binti Makambako, sasa nifanyeje?

Binti Makambako: Soma mwisho wa barua ya uamuzi, kama wameandika siku za rufani usizichezee. Ile karatasi yenye mhuri toa nakala, halisi usimwachie mtu.

Mama Nyanya Mwanjelwa: Mkulima, hivi tenga huko shambani leo shilingi ngapi?

Mkulima wa Ilula: Tenga lako au la dalali?