Mjadala: Vichekesho vya Hollywood kuingizwa sauti za Kihindi, vinanoga au vinauawa?

Mzizima: Wakuu, Deadpool 2 ya 2018 kule India iliingizwa Kihindi, sauti ya Deadpool akapewa mwigizaji wa Bollywood, Ranveer Singh. Mizaha mingi ya Kimarekani ikatolewa, ikawekwa ya Bollywood. Mimi naona huo ni wizi. Aliyeandika kichekesho ametungiwa maneno ambayo hakuyasema.

Bint Pangani: Kaka, mizaha ikiachwa ilivyo, mtu wa Kanpur atacheka nini? The Lion King ya 2019, wale wanyama wachekeshaji Timon na Pumbaa walipewa waigizaji Shreyas Talpade na Sanjay Mishra, wakaongea Kihindi cha vijiweni Mumbai. Wamechekesha kweli kweli! Na The Jungle Book ya 2016, yule dubu Baloo wa Irrfan Khan ana lafudhi ya Kipunjabi. Halafu neno lazima liishe pale mdomo wa mhusika unapofunga. Unaita hiyo wizi? Hiyo ni kazi ya ufundi.

Msumari: Mnakuza mambo. Wahindi wote wanaelewa Kihindi, wamewekewa lugha yao, basi.

Ngarawa: Wote?? Msumari, nimesoma Chennai, usitudanganye hapa. Kwenye jimbo lake, Tamil Nadu, mwaka 1965 watu walikufa wakipinga kulazimishiwa Kihindi. Sensa ya 2011, waliotaja Kihindi kuwa lugha mama ni kama asilimia 44 tu. Ndiyo maana filamu hizo hizo zinaingizwa Kitamil na Kitelugu pia.

Msumari: Kusoma Chennai hakukufanyi msemaji wa India. Asilimia 44 yako ni zaidi ya watu milioni 500. Hao nao hawastahili kucheka?

Ngarawa: Nani kasema hawastahili? Uliandika "wote". Soma ulichoandika.

Mzizima: Jamani, hoja yangu ni mizaha kubadilishwa, siyo sensa.

Kitukuu: Mzizima, wewe si ndiye kila siku unamsifu Lufufu, yule aliyekuwa anatutafsiria filamu kwa Kiswahili? Marehemu alikuwa anatia chumvi yake mpaka filamu inakuwa nyingine. Kwake ni kipaji, kwa Ranveer ni wizi?

Mzizima: Lufufu mwache apumzike! Alikuwa anaongea juu ya filamu, sauti ya mwenyewe unaisikia chini. Hawa wanaifuta kabisa, humsikii Ryan Reynolds, Deadpool mwenyewe, hata akikohoa. Ni vitu viwili tofauti.

Bint Pangani: Hapo kwenye kufuta sauti nakuelewa. Lakini wanaotaka Kiingereza nao wanawekewa yao, kumbi za Mumbai zinaonyesha zote mbili. Hakuna aliyenyang'anywa kitu.

Kitukuu: Na tukitaja utiaji chumvi, DJ Afro, msimuliaji wa filamu wa Kenya, anamzidi Lufufu kwa mbali.

Msumari: Kitukuu, futa hiyo kauli. Kwenye vibanda umiza vya Dar tulikuwa tunauliza kwanza "ni ya Lufufu?" ndipo tunalipa.

Ngarawa: Hapo tu, Msumari, niko na wewe. DJ Afro ana kasi, ila kwa Lufufu hagusi.